Kumwangusha Mtu Bila Kumuumiza

Tarehe kumi na nne Machi mwaka huu, kabla ya saa mbili asubuhi, mume wangu Maganga alifariki. Aliacha mke, mama yake mzazi kule kijijini kwao Lusu, koti moja la mistari, na filamu ya kuchekesha iliyobakiza picha moja tu iishe. Picha yenyewe ni fupi kuliko muda wa kufunga kamba za kiatu: mtu aliyeanguka kutoka juu ya jiwe anainuka, anajikung'uta vumbi, anaondoka. Kuanguka tulikuwa nako. Kuinuka hatukuwa nako.

Nawaandikia ninyi vijana wa hapa Tabora mnaopiga vichekesho kwa simu. Neema, binti wa kaka yangu, ambaye ndiye aliyekuwa anaunganisha picha zetu miaka hii ya mwisho, ameniambia mnauliza wazee walifanyaje. Mimi nimesoma mpaka darasa la saba, na kazi yangu ni cherehani. Katika filamu zetu nilishona mavazi, nilitengeneza mdoli wa kuangushwa, na niliweka sauti za vishindo. Sasa macho hayaoni tundu la sindano, nimeacha. Nitasema ninayoyajua. Nisichokijua nitasema sikijui.

Watu wengi walidhani Maganga alizaliwa mchekeshaji. Hapana. Alijifunza kwa katuni, na mimi pia, ila yeye alijifunza kwa macho na mimi kwa masikio.

Wakati huo alikuwa anaendesha mashine katika banda la video karibu na stesheni. Mchana na jioni yalikuwa mapigano ya Wachina, lakini asubuhi za Jumamosi zilikuwa za watoto, na watoto walikuwa na kanda moja tu ya katuni, ya zamani, imechakaa hadi picha inanyesha. Cherehani yangu ilikuwa kwenye baraza upande wa pili wa ukuta. Karibu miaka miwili nilisikia katuni zile bila kuziona hata mara moja. Nilizijua kama mtu anavyoijua redio. Mbio, mbio, mbio, halafu kimya, halafu kishindo kama sufuria zimeanguka kabatini.

Siku moja mchana, tukila, nikamuuliza, "Maganga, pale kabla ya kishindo, pale panaponyamaza, huwa pana nini?"

"Pale mbwa amepitiliza ukingo wa jabali. Yuko hewani, hajajua."

"Anakaa hewani?"

"Anakaa. Mpaka atazame chini."

"Na watoto wanacheka wakati gani?"

Akaacha kutafuna. "Akianguka, bila shaka. Mimi huwa namtazama mbwa."

"Wanaanza kabla hajaanguka," nikamwambia. "Mimi simwoni mbwa. Nawasikia watoto."

Jumamosi iliyofuata aliipa picha mgongo akawatazama watoto. Alirudi nyumbani akiwa mtu mwingine. Kama kuna siku tulianza kazi, ni ile, ingawa kamera ya kwanza tuliishika baadaye sana. Mimi mwenyewe nilipoingia hatimaye kuiona ile kanda nilisikitika kidogo. Mbwa niliyekuwa namsikia alikuwa mkubwa zaidi.

Sasa sikilizeni kosa letu la kwanza, maana naona na ninyi mnalifanya. Tulipopata kamera, ya kuazima kwa mpiga picha wa harusi, Maganga alitaka kufanya kila anachofanya mbwa. Akapanda ukuta wa jirani, akakimbia juu yake, akaanguka kwenye rundo la majani. Tukaonyesha watu. Hakuna aliyecheka. Tukarudia mara nne, akapata uvimbe begani, hakuna aliyecheka. Mwanadamu hakai hewani, wanangu. Akipitiliza ukingo ameshafika chini. Kile kimya cha kwenye katuni hakina pa kukaa.

Jibu lilitoka kwa Bi Zena, na yeye mwenyewe hakujua kwamba ametoa jibu. Bi Zena ni Mzaramo. Marehemu mumewe alikuwa mfanyakazi wa reli, akahamishiwa huku, naye amebaki hapa akiuza vitumbua. Kwa kuwa Maganga ni Mnyamwezi, Bi Zena ni mtani wake, na utani huo ni wa tangu zama wazee wetu walipokuwa wakibeba pembe hadi Pwani. Hakuwahi kumwita Maganga kwa jina. Alimwita "mpagazi wangu."

Siku hiyo Maganga alikuwa anarudia kuanguka kwa mara ya tano, na kamera ikamnasa Bi Zena kwa bahati mbaya, pembeni, kitumbua kinywani. Alipomwona mtani wake anafika ukingoni aliacha kutafuna. Shavu moja limejaa, macho yametoka. Tulipoangalia baadaye, sote tulicheka pale, kwenye shavu, kabla Maganga hajafika chini.

Basi ndiyo njia. Mwonyesheni anayekimbia mpaka ukingoni. Kisha mwonyesheni anayetazama, kimya, hesabu moja, mbili. Kisha kishindo bila picha. Kisha aliyeanguka, tayari yuko chini. Mbwa wa hewani kwetu alikuwa Bi Zena na kitumbua chake. Tangu siku ile alikuwemo katika kila filamu, na kila filamu alilalamika.

"Mimi natazama tu, siku nzima natazama! Lini nitaanguka mimi?"

"Ukianguka wewe, mtani, ardhi ndiyo itaumia," Maganga alimjibu.

"Ngoja. Utakufa kabla yangu, mpagazi, halafu tutaona nani anacheka."

Ndivyo walivyosema. Sijaongeza neno.

Jambo jingine la katuni ni kurudi nyuma kabla ya kwenda mbele. Mtazameni mnyama yeyote wa katuni anapotaka kukimbia: kwanza anavuta mabega nyuma, anainua mguu, kama upinde unaovutwa, ndipo anaondoka. Jicho linapata taarifa. Maganga alilifanya zoezi hilo hadi likamwingia mwilini. Hata kwenda dukani aliondoka hivyo, mabega kwanza yanarudi. Watoto wa mtaani walimfuata nyuma wakimwiga. Ninyi mnaanza kukimbia ghafla, mtazamaji anashtuka tu, hana nafasi ya kusubiri. Kicheko kinakaa kwenye kusubiri.

Kuhusu mdoli. Kwa maanguko makubwa hamtupi mtu, mnatupa mdoli aliyevaa nguo zake. Wa kwanza nilimjaza pamba. Akashuka polepole kama shuka lililochukuliwa na upepo. Wa pili nilimjaza mchanga, akapasuka mshono wa kwapani akafika chini nusu. Wa tatu ndiye aliyefaa: kiwiliwili pumba za mpunga, mchanga kidogo kwenye makalio na kwenye viatu, kichwa matambara, na viungo vyote vishonwe vilegee, uzi mmoja tu wa mkonge, ili mikono ipunge yenyewe. Mshono uwe wa ndani. Huyo tulimwita Mgeni, maana kila tulipokwenda alikaribishwa kiti.

Mgeni nusura atufungishe. Kwao Maganga, Lusu, kuna jiwe kubwa nyuma ya mashamba, jiwe zuri kwa kuanguka. Tulipanda asubuhi, hatukumwambia mtu, maana Maganga alisema, "Hapa ni nyumbani, nimwombe nani ruhusa?" Tukamtupa Mgeni. Mama mmoja aliyekuwa akipalilia aliona mtu mwenye koti la mistari anatoka juu ya jiwe mikono inapunga. Alipiga yowe, likapokelewa kila kaya, na kabla hatujateremka sungusungu, walinzi wa kijiji, walikuwa wamezunguka jiwe lote, na fimbo zao.

Maganga akaona atoke awaeleze. Akatoka nyuma ya jiwe, amevaa koti kama lile lile la huyo "marehemu", maana siku zile nilishona mawili mawili.

Wanaume wazima walikimbia. Nimewahi kuona mbio nyingi za kuigiza, lakini zile hazikuwa na kurudi nyuma kabla ya kwenda mbele. Kamanda wao peke yake ndiye aliyebaki, nadhani kwa sababu miguu ilikataa.

"Wewe ni nani?" akauliza.

"Ni Maganga, mtoto wa Bibi Kabula."

"Na huyu aliyelala?"

"Huyu ni mimi, ila wa pumba."

Kamanda hakukubali mpaka nilipofumua mshono mbele yake, pumba zikamwagika kwenye kiatu chake. Alizitazama, akamtazama Maganga, akatazama pumba tena. Akaanza kucheka taratibu, halafu akashindwa kusimama. Wenzake waliporudi mmoja mmoja alitutaka tumwonyeshe kila mtu. Kisha akatukemea kwa haki kabisa. Tangu hapo, kijiji chochote tulichokwenda, tuliingia kwanza ofisi ya kijiji, na Mgeni alipewa mkono na watu wote kabla ya kutupwa. Fanyeni hivyo. Watu waliokwisha kumpa mdoli mkono hucheka zaidi anapoanguka, na hawaumii moyoni.

Hapo ndipo penye kazi yote: wasiumie moyoni. Nami niliwahi kuwaumiza.

Sauti zangu nilizitengeneza kwa vitu vya jikoni. Kichwa kikigongwa, kibuyu kikavu. Mbio, vidole juu ya debe. Kuteleza, kitambaa kipya kinachopasuliwa. Kutua, gunia la mahindi juu ya mkeka. Wakati fulani nikachoka na gunia, nikataka sauti mpya, nikavunja bua kavu la mtama karibu na kipaza sauti. Ilisikika safi. Nilijisifu. Tukaipeleka filamu Ziba, tukaonyesha kwenye ukumbi wa mnada, watu wanacheka vizuri, Bi Zena anaacha kutafuna, kimya, kisha lile bua, kwach. Ukumbi mzima ukanyamaza. Mzee mmoja mfugaji akasimama, akauliza kwa Kisukuma, "Amevunjika?"

Hakuna aliyecheka tena mpaka mwisho, ingawa Maganga aliinuka na kucheza. Ilikuwa sauti ya mfupa. Watu wanaochunga na kulima wanaijua sauti ya mfupa. Katuni zile za banda la video, nilipokumbuka vizuri, zilikuwa na chuma, bati, kengele, filimbi, lakini hazikuwa na mfupa hata mara moja. Nilirudi nikairudisha sauti ya gunia. Kosa lilikuwa langu peke yangu, na Maganga ndiye aliyelaumiwa na watazamaji.

Sheria ya kwanza, basi, ni kutoweka sauti ya mfupa. Ya pili ni hiyo niliyoanza nayo. Katika katuni anayeanguka anainuka, na anainuka mbele ya macho yetu. Jabali linaweza kumlalia, atatoka amekuwa bapa kama chapati, atajipuliza, ataendelea. Ukimwangusha mtu ukakata picha pale, umemuua, hata kama umeandika kichekesho kwenye jalada.

Filamu ya mwisho tuliipiga Januari, Lusu, jiwe lile lile, kwa ruhusa. Majani yalikuwa mabichi, mvua zinanyesha. Tukamtupa Mgeni, akaanguka vizuri kuliko siku zote. Ilibaki Maganga alale pale chini na kuinuka. Wingu likaja. Akasema, "Tuache, hiyo ni ndogo, tutaipiga wiki ijayo." Wiki iliyofuata kikohozi kilikuwa kimemlaza, na kutoka hapo tukahamia Kitete, hospitali, hadi tarehe niliyoitaja.

Tulimzika Lusu. Sitaeleza mazishi. Nitaeleza tu kwamba siku ya pili yake, watu wamekaa kwenye mikeka, Bi Zena alitoka chumbani amevaa koti la mistari. Amevuta mabega nyuma, mguu juu, akaondoka kwa mwendo wa Maganga mwenyewe. Akaenda mpaka katikati ya wanaume, akajitupa kwenye mkeka, kimya.

Kisha akainua kichwa. "Mpagazi wangu! Nani kakuruhusu kutua mzigo? Pwani bado!"

Watu walicheka huku wanalia, kama utani unavyotakiwa kufanya. Mchungaji aliyeongoza mazishi aligeuka pembeni, mabega yakawa yanamcheza. Ila mama mkwe wangu, Bibi Kabula, hakucheka. Aliinuka, akaingia ndani, akafunga mlango. Kuanzia siku hiyo alikula vijiko viwili vitatu kwa siku, na hakutaka jina la mwanawe litajwe.

Mwezi wa Juni Neema alikuja na kompyuta. "Shangazi, tufanyeje na hii filamu?"

Kulikuwa na njia za kisasa. Alisema anaweza kuchukua Maganga anayeinuka kutoka filamu nyingine akamweka pale. Tulijaribu. Koti lilikuwa jingine, na uso ulikuwa wa miaka kumi nyuma. Alisema kuna namna ya kuifanya kompyuta imchore akiinuka, na hakuna atakayejua.

"Mimi nitajua," nikasema. "Na mama yake atajua. Hakuinuka, Neema. Tusiseme aliinuka."

"Basi tuifute?"

Kuifuta ilikuwa kumwacha chini ya jiwe. Kuionyesha ilivyokuwa, hivyo hivyo. Nikamwambia jambo moja tu: filamu hii, ikimalizika kwa njia yoyote, Bibi Kabula ataiona wa kwanza, na akiinuka akaingia ndani tena, tunaifuta na hatuizungumzii.

Tukakubaliana tumtafute mtu wa kimo cha Maganga, tumpige picha kwa mgongo. Lilihitajika koti. Koti alikuwa nalo Bi Zena. Mtani alishalichukua msibani na mila inampa. Nilimkuta anakoroga unga wa vitumbua.

"Naomba koti, dada. Siku moja tu."

"Umvalishe nani?"

"Kijana mmoja, ainuke kwa niaba yake."

Akaweka mwiko chini. "Koti halitoki bila mimi. Miaka yote mmeniweka natazama. Aliyeanguka ni mpagazi wangu. Atakayeinuka ni mimi."

"Bi Zena, wewe ni mwanamke, na una miaka zaidi ya sabini."

"Na yeye ni marehemu. Nani kati yetu anaweza kuinuka?"

Nilirudi nyumbani nikamsimulia Neema. Neema alicheka mpaka akakaa chini, halafu akasema, "Shangazi, kwenye katuni mnyama huingia kwenye pipa akatokea mwingine. Wala hatudanganyi mtu."

Tulipofika Lusu na kamera tukakuta tatizo jingine. Januari majani yalikuwa mabichi, sasa ilikuwa kiangazi, jiwe limezungukwa na majani makavu rangi ya simba. Neema alitaka kuyapaka rangi kwenye kompyuta. Nikamwambia aache. Bi Zena alilala chali, kofia usoni. Akaiondoa kofia. Akatazama majani upande huu. Akatazama upande ule. Akang'oa jani moja kavu, akalitazama jua, kama mtu anayejiuliza amelala miezi mingapi. Halafu akajitazama mwenyewe, kifua, kanga chini ya koti, akainua mabega.

Kisha akainuka. Hakuinuka haraka kama Maganga. Aliweka kiganja, goti, kiganja cha pili, akasema, "Ah, magoti haya!" akakaa tena, akajaribu upya. Alipofika juu alivuta mabega nyuma, mguu hewani, akaondoka. Sikuweka sauti yoyote pale. Niliacha magoti yake yaseme.

Siku iliyofuata saa nane mchana tuliziba madirisha ya sebule ya Bibi Kabula kwa vitenge, Neema akaweka kompyuta juu ya meza. Bibi Kabula alikaa kwenye kiti chake karibu na mlango. Bi Zena alikaa chini. Mimi nilisimama nyuma, kwa sababu nilitaka kuuona mgongo wa mama mkwe na sio filamu.

Maganga alikimbia juu ya jiwe. Shavu la Bi Zena likajaa. Kimya. Gunia juu ya mkeka. Mgeni chini, kwenye majani mabichi, halafu majani makavu, na kofia inaondolewa.

Bibi Kabula alisogea mbele kidogo. Bi Zena wa kwenye picha alipojitazama kifuani, mgongo ule ulianza kutikisika, na mimi sikujua ni kilio au ni kicheko. Ndipo nikasikia sauti, ndogo, ya puani, ya mtu ambaye hajacheka siku nyingi.

Filamu ikaisha. Akageuka kumtazama Bi Zena pale chini.

"Wewe Mzaramo," akasema, "umevaa koti la mwanangu na vifungo hukufunga."

"Tumbo limekataa, mama."

Bibi Kabula akafuta macho kwa pindo la kanga. "Rudisha," akamwambia Neema.

Neema akarudisha. Alitazama mara ya pili na mara ya tatu, na kila mara alicheka mapema zaidi. Kabla ya mara ya nne aliomba kiti chake kisogezwe karibu na meza, maana kwa mbali hauoni vizuri uso wa Maganga. Tukamsogeza.